Mjomba kanisusa, tajiri kanipa daftari jipya

Shangazi, shikamoo.

Naandika nikiwa na madaftari mawili mezani. Moja la zamani, limechakaa na lina doa la chai. La pili jipya, bado linanuka gundi.

Mimi ni karani wa mishahara katika kiwanda kidogo hapa Tanga, huu mwaka wa sita. Jina la kiwanda naomba nibaki nalo. Tuko watu arobaini na kitu, wengine wa kudumu, wengine vibarua wanaoitwa mzigo ukiwa mwingi. Mmoja wa wale wa kudumu alikuwa mjomba wangu, nduguye mama wa tumbo moja, na ndiye aliyenitafutia kazi hii. Mwaka huu katimiza miaka 60. Tukamuaga kwa pilau na soda, tajiri akamzawadia baiskeli. Baada ya wiki mbili akaenda kuulizia mafao yake, akarudi na karatasi inayosema ana michango ya miezi 171, na kwamba pensheni ya kila mwezi inataka miezi isiyopungua 180.

Mjomba hakusoma sana, ila slipu zake za mshahara alizitunza zote ndani ya kopo la maziwa ya unga. Alikuja nalo kwetu Makorora, akazitandaza barazani na kuzihesabu mbele ya mama. Ikapatikana miezi 14 ambayo alikatwa na makato hayakufika.

Shangazi, miezi hiyo naijua. Slipu zile niliziandika mimi. Biashara ilikuwa imelala, tajiri akaniambia, "Kata kama kawaida, lakini usilipie kwanza, tutafidia." Kila mwisho wa mwezi alinitumia meseji ya namna hiyo, na zote ninazo kwenye simu. Mara mbili nilimkumbusha. Mara ya tatu nikanyamaza.

Mjomba alipolalamika, wakaja watu watatu kiwandani. Wawili walionyesha vitambulisho, wakauliza maswali, wakaangalia madaftari na kuandika orodha ya walivyoviona. Wa tatu hakusema anatoka ofisi gani. Alinifuata stoo nikiwa peke yangu, akaniambia, "Wewe ndiye uliyekata, kwa hiyo wewe ndiye mwizi." Akatoa karatasi iliyokwisha kuandikwa, kwamba mimi karani nilizuia michango ya wafanyakazi, akataka nitie sahihi. Nilipokataa akataka simu yangu, akasema nisipompa nitalala ndani. Kwa bahati mlinzi aliingia kuchukua mafagio, nami nikapata upenyo. Sikusaini na simu sikutoa, lakini tangu siku ile usingizi sina.

Usiku huohuo tajiri akanipigia. Wakaguzi watarudi baada ya wiki mbili, na kabla hawajarudi anataka ile miezi 14 niinakili upya kwenye daftari jipya la mahudhurio, majina tisa, la mjomba likiwamo, niyahamishie upande wa vibarua. Anasema mwanasheria wake kamhakikishia kwamba wakaguzi wana mipaka yao, hawana la kuthibitisha, na kibarua hana mchango. Nisipoandika, kazi sina.

Mjomba naye hanisemeshi. Alimwambia mama, "Damu yangu ndiyo iliyonikata mfukoni." Jioni hapiti tena kwetu kunywa kahawa. Wenzake wanapanga kwenda kwa Mkuu wa Wilaya ili tajiri awekwe ndani saa 48, akili imkae sawa, na wanataka niende nao nikashuhudie.

Nieleze, Shangazi. Wakaguzi wana uwezo gani juu yangu? Simu ni yangu, naweza kulazimishwa kuitoa? Nikilikataa daftari nitafukuzwa, nikilikubali je? Na mjomba pensheni ataipata, au ndiyo basi?

Karani, Makorora

*

Marahaba, mwanangu.

Nianze na hilo daftari linalonuka gundi, maana ndilo lenye haraka. Usiandike humo hata jina moja. Kutengeneza kumbukumbu za uongo ili zionekane za kweli ni kughushi, na Kanuni ya Adhabu imeweka kifungo kinachofika miaka 7. Mwandiko utakuwa wako. Tajiri hataonekana popote kwenye kurasa zile, na siku mambo yakiharibika atakuwa wa kwanza kushangaa karani wake alikuwa na roho ya namna gani.

Tena ni uongo usio na akili. Wakaguzi wawili walishaliona daftari la zamani, doa la chai na yote, na wakaliandika kwenye orodha yao. Mjomba wako anaonekana wa kudumu miaka na miaka, kisha awe kibarua kwa miezi 14, kisha arudi kuwa wa kudumu, mshahara uleule? Halafu zile slipu za kwenye kopo zinaonyesha huyo "kibarua" alikuwa akikatwa mchango. Kama hana mchango, alikuwa akikatwa kitu gani? Mkaguzi wa siku yake ya kwanza kazini atacheka.

Mrudishie tajiri daftari likiwa tupu, na umtumie meseji fupi ya adabu: "Bosi, daftari nimelirudisha, kumbukumbu za miezi ile sitaweza kuziandika upya." Basi. Usimhubirie. Unachotaka ni alama ya tarehe kwamba uliombwa na ukakataa.

Akikufukuza kwa hilo, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inasema wazi kwamba kumwachisha mtu kazi kwa sababu amekataa kufanya jambo ambalo mwajiri mwenyewe haruhusiwi kisheria kumwagiza, au kwa sababu ametoa taarifa anayotakiwa na sheria kuitoa, si sababu halali. Malalamiko ya kuachishwa kazi yanapelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo hapo Tanga ina ofisi, na siku zake ni 30 tu tangu kuachishwa. Nimewaona watu wengi wenye haki tupu mkononi wakija siku ya 50, wengine baada ya kuzunguka kwa mwenyekiti wa mtaa, kwa sheikh na kwa mtendaji wa kata. Kuomba kuongezewa muda kunawezekana, lakini utatakiwa kueleza sababu ya kila siku uliyochelewa, na "nilikuwa nasubiri bosi apoe" haijawahi kumsaidia mtu.

Sasa wakaguzi. Hapa tajiri wako kasikia nusu ya maneno ya mwanasheria, na ile nusu aliyoisikia ni ya kweli. Mipaka ipo. Ila haipo pale anapodhani.

Mkaguzi wa michango ana nguvu kubwa juu ya karatasi. Anaweza kuingia mahali pa kazi saa za kazi, akataka kuona madaftari ya mishahara na mahudhurio, akanakili, akamuuliza maswali mtu yeyote anayemkuta humo, mwajiri na mwajiriwa. Afisa kazi naye ana uwezo unaofanana na huo chini ya Sheria ya Taasisi za Kazi, na anaweza kutoa amri ya utekelezaji, ambayo mwajiri asiyekubaliana nayo anapeleka pingamizi kwa Kamishna wa Kazi na baadaye Mahakama ya Kazi. Kumficha mkaguzi nyaraka au kumdanganya kwa makusudi ni kosa. Kwa hiyo wale wawili wenye vitambulisho wakirudi, wape wanachotaka kinachohusu michango, na waulize kwa upole wakuandikie orodha kama walivyofanya mwanzo. Wanaifahamu kazi yao.

Juu ya mtu, nguvu hiyo inapungua sana. Anayechunguza siye anayehukumu. Ibara ya 107A ya Katiba yetu imeipa Mahakama kauli ya mwisho katika utoaji haki, na ibara ya 13(6) inasema mtu ambaye haki na wajibu wake unataka kuamuliwa na mahakama au chombo kingine chochote apewe fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu, apewe na njia ya kukata rufaa au kupata nafuu nyingine ya kisheria, na asitendewe kama mkosaji mpaka itakapothibitika. Zingatia hayo maneno "chombo kingine". Hata ofisi yenye meza moja na feni mbovu imo. Mahakama ya Rufani ilishalisema hilo katika shauri la Mbeya-Rukwa Autoparts, ambalo limo katika taarifa za sheria za 2003: kusikilizwa siyo tena kanuni tu tuliyoirithi kwa Waingereza, imeshakuwa haki ya kikatiba.

Kwa hiyo yule wa stoo alivuka mpaka mara tatu kabla mlinzi hajaingia. Hakujitambulisha. Akakuletea maungamo yaliyopikwa kwingine. Akataka simu kwa kitisho cha kulazwa ndani. Maelezo ya shahidi yanakuwa ya shahidi mwenyewe, unayasema wewe, yanaandikwa, unayasoma au unasomewa, unasahihisha ndipo unatia sahihi. Simu yako ikitakiwa kama ushahidi, njia ni ya upekuzi wa polisi wenye idhini ya maandishi, nawe unapewa stakabadhi ya kilichochukuliwa. "Nipe hiyo" ya stoo haimo katika sheria yoyote.

Nikuongezee jambo ambalo pengine hukuliwaza: huenda yule hakuwa afisa wa popote. Tanga ni mji wenye masikio. Panapovuma habari ya ukaguzi hapakosi mtu wa kujipachika kwenye msafara, leo akamtisha karani na kesho akamfuata tajiri kumuuzia huruma. Nenda ofisini kwa wale wawili, mchana kweupe, uwaulize kama mtu wa sura ile ni mwenzao. Wakisema siye, toa taarifa polisi. Wakisema ni mwenzao, andika malalamiko kwa mkuu wao, tarehe, saa, stoo na mafagio.

Tunarudi kwa tajiri na "hawana la kuthibitisha". Mpaka halisi unaomhusu ni huu: afisa hawezi kumbambikia deni la kukisia, kwa mfano kuhesabu vichwa getini na kuzidisha kwa miezi. Anatakiwa aonyeshe nani, mwezi gani, mshahara kiasi gani. Wanasheria wetu hupenda kuazima hoja kutoka India, na kwa jambo hili wana ya kuazima. Huko, chini ya sheria yao ya mifuko ya akiba ya wafanyakazi ya 1952, afisa anayefanya uchunguzi wa michango kapewa baadhi ya uwezo wa mahakama ya madai: kuita watu na kuwahoji kwa kiapo, kudai nyaraka, kupokea ushahidi wa hati ya kiapo. Katika shauri la Shirika la Chakula la India, lililochapishwa katika taarifa za 1990, Mahakama yao Kuu Kabisa ikasema afisa mwenye uwezo huo lazima autumie, akusanye ushahidi na kuwatambua wafanyakazi wenyewe kabla ya kutamka deni. Hukumu ya India haifungi mikono ya mtu Tanga, ila mantiki yake ni ileile ya ibara yetu ya 13.

Haya, lipime hilo na kisa chenu. Majina yapo tisa. Miezi inajulikana. Mishahara imo kwenye slipu ulizoandika mwenyewe. Mpaka ambao tajiri anaukimbilia ungemkinga kama angekuwa anakisiwa. Hakisiwi.

Hata neno "kibarua" halina dawa anayoidhani. Sheria ya Taasisi za Kazi inamchukulia mtu kuwa mwajiriwa, mpaka ithibitishwe vingine, ikiwa mojawapo ya mambo kadhaa lipo: anafanya kazi chini ya usimamizi wa mwingine, anatumia zana za mwingine, au amemfanyia mtu huyo kazi wastani wa saa zisizopungua 45 kwa mwezi katika miezi 3 iliyopita. Saa 45 ni kama siku tano na nusu za kazi. Wapo hao unaowaita vibarua kiwandani kwenu ambao siku hizo wanazimaliza wiki ya kwanza. Hilo tajiri asingependa mtu alianzishe, na kwa daftari lake jipya atakuwa amelianzisha mwenyewe.

Safari ya kwa Mkuu wa Wilaya usiende. Zile saa 48 zipo kweli, zimo katika Sheria ya Tawala za Mikoa ya 1997, lakini ni kwa mtu anayehatarisha amani au aliyetenda kosa la kukamatika, na muda huo ukiisha bila kufikishwa mahakamani anaachiwa. Hazikuwekwa kwa ajili ya kudai madeni. Tajiri akilala ndani siku mbili atatoka na hasira na wakili, na hoja itahama kutoka miezi 14 kwenda kwenye kuonewa kwake. Wenzake mjomba waambie barua waliyokusudia kumpelekea Mkuu wa Wilaya waipeleke kwenye mfuko wa hifadhi ya jamii, majina yote tisa, kila mmoja na slipu zake.

Mjomba mwenyewe ana kesi nzuri. Kwa sekta binafsi mfuko ni NSSF, yaani Mfuko wa Taifa wa Hifadhi ya Jamii: mchango ni asilimia 20 ya mshahara, na inayotoka kwa mfanyakazi haizidi 10. Mwajiri anatakiwa aiwasilishe yote ndani ya mwezi unaofuata, akichelewa kuna adhabu juu yake, na adhabu hiyo haitoki mfukoni mwa mfanyakazi. Tuseme mshahara wa mjomba ulikuwa shilingi 480,000. Kila mwezi alikatwa 48,000, tajiri alitakiwa aongeze nyingine 48,000. Kwa miezi 14 ni 1,344,000, na nusu yake ilishatoka jashoni mwa mzee. Wala fedha yenyewe siyo kubwa hivyo. Kubwa ni hesabu ya miezi: 171 na 14 ni 185. Bila hiyo 14 atapewa mkupuo mmoja na kuagana, akiwa nayo anaingia kwenye pensheni ya kila mwezi mpaka mwisho wa uhai wake.

Mkaguzi hana kalamu ya kumwandikia pensheni, na asimlaumu kwa hilo. Mkaguzi anathibitisha deni, mfuko unamdai mwajiri, hata mahakamani ikibidi, na mfuko huohuo ndio unaoamua dai la mafao. Kwa hiyo mjomba asipokee mkupuo kwa haraka za shida. Aandike barua kwamba miezi 14 ina mgogoro, aitaje mmoja mmoja, aambatishe nakala, abaki na barua iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.

Nawe, sikufichi. Wajibu wa kuwasilisha michango ni wa mwajiri, na meseji zake zinaonyesha nani aliamua. Lakini uliandika slipu inayosema fedha imekatwa ukijua haijaenda, mara 14. Kabla wakaguzi hawajarudi, mtafute wakili au msaidizi wa kisheria. Tangu Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 wasaidizi hao wanatambuliwa rasmi na huduma yao kwa asiye na uwezo ni bure. Kaa naye uandike maelezo yako kwa maneno yako, pamoja na zile mara mbili ulizomkumbusha tajiri na ile ya tatu uliyonyamaza. Ile ya tatu usiiruke. Meseji usifute hata moja, piga picha za kioo cha simu, uzihifadhi mahali pengine pia, maana simu huanguka majini na simu huibiwa.

Umeniuliza juu ya wakaguzi, tajiri na Mkuu wa Wilaya. Juu ya mjomba umeniuliza pensheni tu. Mimi naona kinachomuuma zaidi ni kwamba kwa miezi 14 ulikunywa naye kahawa barazani ukijua. Mama asikusemee. Nenda kwake mwenyewe, jioni kabla ya Magharibi, umwambie ulijua na uliogopa. Anaweza asikujibu siku hiyo. Mpe orodha ya miezi 14 uliyoiandika kwa mkono wako, na umwambie akienda kwenye mfuko atoe nakala tu. Zile slipu zenyewe zirudi kwenye kopo.